Ibn al-Haytham na Mto Uliomshinda



Ndugu zangu, mhariri aliponiomba niandike maisha ya mwanachuoni mmoja wa Kiislamu kwa ajili ya toleo hili, nilimchagua Ibn al-Haytham kwa uvivu. Jina lake nilikuwa nalijua tayari. Sote tunalijua. Kila mwaka tunapowakaribisha wanafunzi wapya husimama mzungumzaji akataja orodha ile ile: al-Khwarizmi na aljebra, Ibn Sina na tiba, Ibn al-Haytham na kamera, nasi tukaleta takbir. Nilidhani nitaandika kurasa mbili za fahari kisha nirudi kwenye mitihani yangu. Lakini nilipoanza kusoma habari zake nilikutana na jambo lililonichoma, na sioni namna ya kulieleza bila kutanguliza aibu yangu mwenyewe.

Muhula uliopita tulifanya jaribio la kupinda kwa mwanga. Unaweka kipande cha kioo juu ya karatasi, unachomeka pini, unapima pembe ambayo mwanga unaingilia na pembe unayoifuata ukiwa ndani ya kioo, kisha unachora grafu. Kitabu kinasema kioo cha kawaida kitakupa jibu la karibu 1.5. Changu kilinipa 1.62. Nilirudia mara moja, likaja lile lile. Muda ulikuwa umekwisha na wenzangu walikuwa wanakusanya kazi. Nikaketi kwenye ngazi nje ya maabara, nikafuta namba tano na kuandika zile zilizotakiwa. Penye nyuzi 60 nilikuwa nimepima 32, nikaandika 35. Penye nyuzi 70 nilikuwa nimepima 35 na nusu, nikaandika 39. Nilipata alama 18 kati ya 20, na ripoti yangu ikaanza kuzunguka kwenye simu za wanafunzi wa mwaka wa kwanza kama mfano wa kazi nzuri.

Sasa twende Basra.

Abu Ali al-Hasan ibn al-Hasan ibn al-Haytham alizaliwa katika mji huo wa kusini mwa Iraq karibu mwaka 354 Hijria, yaani 965 Miladia. Zama hizo khalifa wa Baghdad alikuwa amebaki na jina tu, nguvu zikiwa mikononi mwa ukoo wa Buwayhi. Vitabu, hata hivyo, vilikuwepo. Kazi za Wagiriki zilikwisha kutafsiriwa kwa Kiarabu: Euclid juu ya jometri, Ptolemy juu ya nyota na mwanga, Galen juu ya mwili wa binadamu, Aristotle juu ya karibu kila kitu. Kijana aliyejua Kiarabu angeweza kuwasoma wote bila kuvuka bahari.

Ibn al-Haytham aliwasoma, akawa bingwa wa hesabu, na habari zake zikasafiri. Aliyetuhifadhia kisa kinachofuata ni Ibn al-Qifti, mwandishi wa maisha ya wanachuoni aliyefariki mwaka 1248. Anasimulia kwamba Ibn al-Haytham, akiwa bado Iraq, alisema kuwa lau angekuwa Misri angeufanyia mto Nile kazi ambayo ingeufanya uwe na manufaa unapojaa na unapopungua. Maneno hayo yakamfikia al-Hakim, khalifa wa Wafatimi aliyetawala Cairo kuanzia mwaka 996.

Wasomaji wa Uganda hawahitaji kuelezwa Nile ni nini. Bibi yangu anaishi karibu na Jinja, na utotoni nilizoea kuyaona maji yakitoka ziwani nisijue yanakwenda mbali kiasi gani. Lakini kule Misri, ambako mvua ni chache mno, mto huo ndio ulikuwa shamba, ghala na kodi ya serikali. Ulipopanda kidogo tu kuliko kawaida, watu walikufa njaa. Ulipopanda kupita kiasi, ulibeba vijiji. Katika kisiwa cha Rawda, hapo Cairo, kulikuwa na kisima chenye nguzo ya kupimia maji kilichojengwa mwaka 861, na urefu wa maji kwenye nguzo hiyo ndio ulioamua mwaka utakuwaje. Mtu aliyedai kuwa anaweza kuutawala mto huo alikuwa anadai jambo kubwa.

Al-Hakim mwenyewe alikuwa mtu wa ajabu. Alianzisha Dar al-Ilm, nyumba ya elimu yenye maktaba, mwaka 1005, akawalea wanajimu na wanahesabu. Mtawala huyo huyo aliwaua mawaziri na watumishi wake kwa sababu ambazo hakuna aliyeweza kuzitabiri, na alipiga marufuku hata kula mulukhiyya, mboga ambayo sisi tunaiita mlenda. Alimwita Ibn al-Haytham, akampelekea mali, na alipofika akatoka nje ya mji kwenda kumpokea mwenyewe. Kisha akampa mafundi na watu wa kazi, wakapanda mto kuelekea kusini.

Walifika mahali panapoitwa al-Janadil, penye maporomoko kusini ya Aswan. Njiani Ibn al-Haytham alikuwa ameyaona majengo ya Wamisri wa kale, mahekalu na mapiramidi, yaliyopangwa kwa jometri isiyo na kosa. Moyo wake ukaanza kupungua. Watu waliojua kujenga vile, na waliokaa na mto huu maelfu ya miaka, wangeshindwaje kuuzuia kama jambo lenyewe liliwezekana? Alipofika maporomokoni akapachunguza, akapima pande zote mbili za mto, na akaona kuwa alichokiahidi akiwa Basra hakitekelezeki.

Kwa haki ya mtu huyu ni lazima niseme kwamba wazo lake halikuwa la kipumbavu. Waingereza walimaliza bwawa la kwanza la Aswan mwaka 1902, na bwawa kubwa la Wamisri, lenye kimo cha mita 111, lilikamilika mwaka 1970. Huku kwetu bwawa la Owen Falls lilifunguliwa Jinja mwaka 1954. Kilichokosekana ni saruji, chuma, baruti na mashine, vitu ambavyo vilihitaji karne nyingi za watu wengine. Na ile hoja yake kuhusu Wamisri wa kale, kusema kweli, siipendi sana. Mtu aliyekuja kuwa maarufu kwa kutowaogopa wa kale aliwakubali hapo bila ubishi mkubwa. Lakini alikuwa amefika, ameona, amepima. Na baada ya kupima hakuchora ramani ya uongo ili apate miaka miwili mitatu ya mshahara. Alirudi Cairo, akasimama mbele ya mtawala aliyejulikana kwa kuua, akakiri kuwa ameshindwa.

Niliposoma hapo niliifunga tarakilishi. Mimi nilikuwa nimeogopa alama mbili tatu.

Al-Hakim hakumuua. Alimpa kazi ofisini, naye akaikubali kwa hofu kuliko kwa kupenda, akijua kwamba mtu wa namna ile anaweza kubadilika asubuhi yoyote. Basi akajifanya mwendawazimu. Sheria haimshiki mwendawazimu, kwa hiyo mali yake iliwekwa chini ya ulinzi na yeye akafungiwa nyumbani kwake. Akakaa hivyo mpaka mwaka 1021, al-Hakim alipotoka usiku kuelekea vilima vya Muqattam asirudi tena. Hapo akili za Ibn al-Haytham zikamrudia, wala hatuna haja ya kustaajabu. Mwandishi mwingine wa kale, al-Bayhaqi, ana kisa tofauti, kwamba alikimbilia Sham, lakini hiki cha Ibn al-Qifti ndicho kilichoenea.

Hapa nawaonya wenzangu wanaoandaa mawaidha. Makala nyingi hudai kuwa aligundua siri ya mwanga akiwa kifungoni, siku moja mwale wa jua ulipopenya kwenye tundu la ukuta. Ni picha nzuri, na nilitamani sana kuitumia. Ibn al-Qifti hasemi hivyo. Wapo watafiti waliokipekua Kitab al-Manazir, kitabu chake kikubwa juu ya kuona, wakakiweka kati ya miaka 1028 na 1038, muda mrefu baada ya kufunguliwa, naye akiwa amepita umri wa miaka 60. Hapakuwa na siku moja ya mwale. Palikuwa na mzee aliyeishi karibu na msikiti wa al-Azhar, akijipatia riziki kwa kunakili vitabu. Kila mwaka alinakili Euclid, vitabu vya hesabu vya kati, na Almagest ya Ptolemy, akauza nakala hizo kwa dinari 150, na fedha hizo zikamtosha kwa mwaka mzima. Nadhani kazi hiyo ndogo ilimsaidia kuliko tunavyofikiri. Mtu anayeandika upya kitabu cha Ptolemy kwa mkono wake, mwaka baada ya mwaka, anajua kila mahali ambapo Ptolemy ameteleza.

Swali alilolishika lilikuwa jepesi kulitamka: tunaonaje? Euclid na Ptolemy walifundisha kuwa macho hutoa miale inayokwenda kugusa vitu, kama kipofu anavyopapasa kwa fimbo. Wafuasi wa Aristotle walisema la, ni umbo la kitu linaloingia machoni. Mabishano yalikuwa na zaidi ya miaka 1,000, na kila upande ulikuwa na mwalimu wake mkubwa wa kumtegemea. Ibn al-Haytham alianza na mambo ambayo mtoto anaweza kuyashuhudia. Ukilitazama jua, jicho linauma. Ukiangalia mwanga mkali kisha ukageukia mahali pa giza, alama ya mwanga ule inabaki machoni. Basi mwanga unalifanyia jicho kitu, wala si jicho linaloufanyia mwanga. Kutoka hapo akajenga hoja kwamba kila nukta ya kitu chenye mwanga hutuma mwanga kila upande kwa mistari iliyonyooka, na jicho huupokea.

Lakini hakuishia kwenye hoja, na hapa ndipo ninapomwona tofauti na wengi waliomtangulia. Neno alilolitumia kwa majaribio yake ni i'tibar, ambalo kwetu limekuja kuwa itibari, kuaminika. Jaribio moja tulilifanya wenyewe hosteli, Alhamisi moja umeme ulipokatika baada ya Isha. Tulifunika mlango kwa boksi kubwa la katoni, tukalitoboa tundu la unene wa penseli. Nje, kwenye ujia, tukawasha mishumaa mitatu kwa safu. Ndani, kwenye ukuta mweupe, yakatokea madoa matatu hafifu ya mwanga. Mwenzetu mmoja akauziba kwa kitabu mshumaa wa kushoto: likatoweka doa la kulia. Akauzibua: likarudi. Yale mengine hayakutikisika. Miale yote mitatu inapita kwenye tundu moja, inapishana, wala haichanganyiki. Ibn al-Haytham alilifanya hili kwa taa, katika mahali pa giza, na akaeleza kwa utaratibu ili msomaji akalifanye mwenyewe. Miaka karibu 1,000 imepita na bado linakubali. Yule aliyeshika kitabu anasomea sheria na hajawahi kuingia maabara. Aliomba turudie mara nne.

Alikuwa pia na kitabu kiitwacho al-Shukuk ala Batlamyus, yaani mashaka juu ya Ptolemy. Mwanzoni mwake anaeleza kwamba wanachuoni hawakukingwa na makosa, kwa hiyo anayetafuta haki hapaswi kuyaridhia waliyoandika kwa sababu tu ni wakubwa. Ayashuku, ayajadili kila upande, na aishuku hata nafsi yake anapoyajadili, asije akawaonea wala kuwapendelea. Kisha anayataja makosa ya Ptolemy moja baada ya jingine. Sisi tunaokariri jina la Ibn al-Haytham ili tushinde mabishano tungefanya vizuri kukumbuka kwamba naye hakutaka kukaririwa.

Na Ptolemy alikuwa na kosa moja linalonihusu moja kwa moja. Aliacha jedwali la kupinda kwa mwanga kutoka hewani kuingia majini. Kwa pembe ya nyuzi 10 aliandika 8. Kwa 20, 15 na nusu. Kwa 30, 22 na nusu. Kwa 40, 29. Endelea hivyo mpaka 80, ambapo aliandika 50. Toa namba moja kutoka kwa inayofuata, utaona nyongeza zinapungua kwa nusu, nusu, nusu, bila kukosea hata mara moja. Vipimo vya kweli haviendi hivyo. Mkono hutetemeka, jicho hukosea, na maji yenyewe yana kanuni nyingine: penye 80 jibu liko karibu na 47 na nusu. Wataalamu wa leo wanaona kuwa Ptolemy alizinyoosha namba zake zifuate mpango alioupenda. Alikaa kwenye ngazi nje ya maabara, kama mimi.

Jedwali hilo liliendelea kunakiliwa. Katika karne ya 13 mwanachuoni wa Ulaya aitwaye Witelo alilichukua, akaligeuza ili lieleze mwanga unaotoka majini kwenda hewani, na akaandika majibu kwa pembe ambazo kwa hakika mwanga hautoki majini kabisa. Ibn al-Haytham alitengeneza kifaa chake cha shaba kilichogawanywa kwa nyuzi na sehemu za nyuzi, akaeleza jinsi ya kupima. Kanuni kamili ya kupinda hakuipata, ingawa Ibn Sahl wa Baghdad alikuwa ameikaribia kwa jometri karibu mwaka 984. Lakini hakubuni kanuni ili kuziba pengo.

Alikosea pia. Aliamini kuwa sehemu ya jicho inayohisi mwanga ni lenzi, na hakukubali kwamba picha inaweza kuingia jichoni ikiwa imepinduka, juu chini. Kosa hilo lilisahihishwa mwaka 1604 na Johannes Kepler, aliyeonyesha kuwa picha huangukia nyuma ya jicho, na ndiyo, imepinduka. Kepler aliweza kumsahihisha kwa sababu alikuwa na kitabu chake mkononi: Kitab al-Manazir kilikuwa kimetafsiriwa kwa Kilatini, na mwaka 1572 kikachapishwa Basel. Upande wa mashariki, Kamal al-Din al-Farisi, aliyefariki karibu mwaka 1319, alikifafanua upya, na kwa kutumia tufe la kioo lililojaa maji akaeleza upinde wa mvua unavyotokea.

Kazi zilizoorodheshwa kwa jina la Ibn al-Haytham zinapita 90. Zimo za mwanga wa mwezi, za vioo vinavyounguza, na moja ya kutafuta upande wa qibla kwa hesabu. Alifariki Cairo karibu mwaka 430 Hijria, 1040 Miladia. Allah amrehemu.

Makala hii ilipofika hapa, nilikaa nayo siku tatu. Jumatatu nikabisha mlango wa mhadhiri wetu nikiwa na daftari la zamani, lile lenye namba nilizozifuta lakini bado zinasomeka ukilielekeza kwenye mwanga. Alinisikiliza mpaka mwisho. Hakunikaripia. Aliniuliza nilitumia kipande kipi cha kioo, tukashuka wote maabara, nikamwonyesha. Alikipima kwa mkono mmoja, akachukua kingine cha ukubwa ule ule kwa mkono wa pili, akanipa vyote viwili. Changu kilikuwa kizito zaidi, kwa tofauti ambayo hata mtoto angeihisi.

Tulirudia vipimo kwa vipande vyote. Kile cha kawaida kilitoa 1.51. Changu kilitoa 1.62, kama siku ile ya kwanza. Kilikuwa kioo cha aina nyingine, kimechanganyika tu na vile vipya, na katika darasa zima ni mimi peke yangu niliyekuwa na namba za kukitambua, nami nikazifuta.

Alama zangu sasa ni 9 kati ya 20. Ripoti iliyosahihishwa nimeituma kwenye kundi la mwaka wa kwanza pamoja na maelezo ya nilichofanya. Wengi hawakujibu. Mmoja aliniuliza kama kile kipande kizito bado kipo. Kipo, kwenye droo ya pili kutoka chini, upande wa dirisha.